Kabla ya Kupiga Ngoma: Wapatanishi wa Sauti katika Masimulizi ya Darasani

Muhula uliopita, katika kuwazungukia wanachuo waliokuwa kwenye mazoezi ya kufundisha, tuliketi nyuma ya Darasa la Tano katika shule moja ya kijijini, tukaletewa rundo la madaftari ya Kiswahili tuyapitie. Kazi ilikuwa ya utungaji. Wanafunzi wengi walikuwa wameandika nusu ukurasa juu ya safari ya mjini, na safari hizo zilifanana kama mayai ya kuku mmoja: basi liliondoka, basi lilifika, shangazi alifurahi. Katikati ya rundo hilo tulikuta daftari la msichana mmoja aliyejaza kurasa mbili na nusu.

Yeye hakusafiri kwenda mjini. Alibuni kundi la watu saba aliowaita Wajumbe wa Baragumu. Wajumbe hao hawana nchi wala mfalme. Kazi yao ni kwenda penye vita, kusimama katikati ya majeshi na kupiga baragumu lenye uchawi. Na mlio wake ukisikika, watu huangusha silaha. Katika hadithi yake vijiji viwili vilikuwa vikipigana kwa sababu ya ng'ombe walioibiwa. Wajumbe wakaja, wakapiga baragumu, watu wakausahau ugomvi wao, wakaketi kula pilau pamoja. Mwishoni msichana akaongeza sharti: mjumbe akisema uongo, hata mara moja tu, sauti humtoka wala hairudi tena maishani mwake.

Chini ya utungo huo mwanachuo wetu alikuwa ameandika kwa wino mwekundu: "Mambo haya hayapo. Andika mambo ya kweli." Akampa alama nne katika kumi.

Tunaandika makala haya kwa sababu ya wino ule mwekundu. Hatusemi kwamba utungo ule ulistahili alama kumi. Ulikuwa na kasoro, tena kubwa, nasi tutaitaja. Lakini sio kasoro aliyoiona mwanachuo wetu. Yeye alikosoa kilicho kizima akakiacha kilicho kibovu. Na lawama si yake peke yake. Sisi wakufunzi humfundisha mwalimu mwanafunzi kuikagua hesabu ya mtoto hatua kwa hatua, aone ni mstari upi uliokosewa. Lakini hekaya ya mtoto tunamwachia aipime kwa mizani moja tu, kwamba ni kweli au ni uongo.

Tuanze na neno lile "hayapo".

Afrika ya Magharibi, katika nchi ambazo leo huitwa Mali, Guinea, Senegal na Gambia, wako watu wa jamii ya Mande, na miongoni mwao zimo koo ambazo kazi yao ya kurithi ni sauti. Mtu wa koo hizo huitwa jeli. Wafaransa walimwita griot, na vitabu vingi vimeshika jina hilo. Jeli huzaliwa jeli. Koo mashuhuri ni kama Kouyaté na Diabaté. Hupiga kora yenye nyuzi 21, au balafon, yaani vibao vilivyopangwa juu ya vibuyu na kugongwa kwa vijiti, au ngoni, ala ndogo ya nyuzi isiyo na uhusiano wowote na ndugu zetu wa Songea. Wengi waliosikia habari za majeli huwadhania kuwa waimbaji wa sifa wanaotafuta fedha za watu wakubwa. Wako wa namna hiyo, wala si wachache. Lakini kazi ya jeli tangu zamani ni pana zaidi: hutumwa kuposa, hutumwa kwa jirani aliyekasirika, hupatanisha koo zilizokosana, na huketi kati ya mtawala na watu wake.

Wamande huamini kwamba neno likitamkwa hutoa nguvu waiitayo nyama (jina limefanana tu na kitoweo chetu), nguvu iwezayo kumdhuru asemaye na asikiaye pia, na kwamba si kila mtu aweza kuishika. Mhunzi huishika katika chuma. Jeli huishika katika neno. Kwa sababu hiyo mtu mkubwa, kwa desturi ya zamani, hakupaza sauti mbele ya watu. Alisema kwa sauti ya chini, na jeli akayarudia maneno yake kwa sauti kuu.

Jambo hili lilionwa na mgeni ambaye habari zake tunazijua hata huku kwetu. Ibn Battuta, yule yule aliyefika Mombasa na Kilwa mwaka 1331, alifika Mali mwaka 1352, zama za Mansa Sulayman. Aliandika kwamba mtu akitaka kusema na mfalme husema kwanza na mkalimani aitwaye Dugha, naye Dugha humwambia mtu mwingine aliyesimama hapo, ndipo maneno yamfikie mfalme. Siku za sikukuu Dugha huyo huyo hupiga ala ya vibao na vibuyu na kuimba. Aliwaona pia washairi waliovaa manyoya na vichwa vya ndege wakisimama mbele ya mfalme na kumkumbusha kwamba kiti anachokikalia kiliwahi kukaliwa na fulani na fulani, waliotenda mema kadha wa kadha, basi naye atende mema yatakayosimuliwa baada yake. Msafiri yule aliyaweka hayo miongoni mwa mambo ya kuchekesha. Sisi tunaona kwamba alicheka upesi mno. Maneno yanayopita vinywa viwili kabla ya kufika hupoteza moto wake njiani; na mwenye ghadhabu anayelazimika kumngoja mtu mwingine ayaseme maneno yake hupata nafasi adimu sana, nafasi ya kuyasikia.

Kwa hiyo msichana wetu, bila kujua, alikuwa amebuni jambo ambalo mataifa mazima yamelitenda kwa karne nyingi. Hata baragumu lake si geni. Pwani yetu ilikuwa na siwa, ile ya Pate ya pembe ya ndovu na ile ya Lamu ya shaba, ambayo haikupulizwa ovyo bali kwa mambo makubwa ya mji. Mwanachuo angeweza kumwambia mtoto yule: "Wako watu wafananao na wajumbe wako, njoo nikusimulie." Badala yake alimwambia hayapo.

Sasa tuje kwenye kasoro, nayo tutaieleza kwa hadithi ya Wamande wenyewe. Mwaka 1960 mwanahistoria Djibril Tamsir Niane wa Guinea alichapisha kisa cha Sundiata, mwasisi wa dola ya Mali, kama alivyosimuliwa na jeli Mamadou Kouyaté. Ndani ya kisa hicho yumo jeli Balla Fasséké, aliyepewa Sundiata na baba yake. Ndugu wa Sundiata aliyetwaa kiti, kwa hila ya kumtenga mdogo wake na jeli wake, alimtuma Balla Fasséké kuwa mjumbe kwa Sumanguru, mfalme wa Sosso aliyeogopwa na kila mtu kwa ukatili na uchawi wake. Sumanguru akamzuia mjumbe huyo asirudi kwao.

Siku moja mfalme hayupo, Balla Fasséké aliingia katika chumba cha siri ambamo hapakuruhusiwa mtu. Humo, katikati ya vitu vya kutisha, palikuwa na balafon kubwa kuliko zote alizopata kuona. Mpiga ala ni mpiga ala; hakuweza kujizuia. Aliketi akapiga. Huko aliko, Sumanguru akatambua kwamba ala yake imeguswa, akarudi mbio na upanga mkononi. Balla Fasséké alipomsikia mlangoni hakukimbia wala hakuomba msamaha. Papo hapo alitunga wimbo wa kumsifu mfalme yule, akauimba huku akipiga ile ile balafon aliyokatazwa. Na ghadhabu ya Sumanguru ikatulia. Akafurahi, akasema kwamba tangu siku hiyo Balla Fasséké atakuwa jeli wake.

Twawaomba walimu wanafunzi wasimame hapo hapo, kama tunavyopendekeza wasimame wanapowasimulia watoto. Je, sauti imeleta amani? Imeokoa roho ya mtu mmoja, chumbani, kwa saa moja. Lakini mjumbe sasa ni mateka, na kutekwa kwake ni mojawapo ya mambo yaliyofanya vita visiepukike. Balla Fasséké hatimaye alitoroka pamoja na Nana Triban, dada wa Sundiata, na majeshi yakakutana Kirina, kiasi cha mwaka 1235, Sumanguru akashindwa. Tena kabla ya mapigano hayo jeli yule yule ndiye aliyemkumbusha Sundiata matendo ya wazee wake ili moyo wake uwake. Sauti iliyotuliza ndiyo iliyochochea. Balafon inayosemwa kuwa ni ile ile ya Sumanguru imehifadhiwa hadi leo na ukoo wa Kouyaté katika kijiji cha Niagassola nchini Guinea, na mwaka 2001 UNESCO iliitangaza kuwa miongoni mwa urithi bora wa binadamu. Vibao vyake 20 havikuchagua ni wimbo gani upigwe juu yake.

Wenzetu wa Rwanda waliyaona hayo mwaka 1994 bila hekaya yoyote, pale redio ilipotumika kuwachochea watu kuua majirani zao. Hatutaki kulirefusha jambo hili. Tunalitaja ili mwalimu asije akawaambia watoto kwamba sauti tamu ni sauti njema.

Kasoro ya utungo wa msichana wetu, basi, ni kwamba baragumu lake linafanya kazi yote. Watu wanasahau. Lakini ng'ombe je? Aliyeibiwa ng'ombe akisahau kwamba ameibiwa, aliyeiba amebaki na ng'ombe. Hilo ndilo swali ambalo wino mwekundu ungeliuliza, nalo lingemfikisha mtoto mbali.

Na hapa inatupasa tuseme habari yetu wenyewe, maana tusimcheke mtoto kwa kosa ambalo sisi tulilifanya tukiwa watu wazima wenye cheti.

Tulipokuwa tumeanza kazi, miaka zaidi ya kumi iliyopita, wavulana wawili wa Darasa la Sita waligombania mkebe wa vifaa vya hesabu. Tulipiga meza kwa rula, tukapaza sauti, na watoto 70 wakawa kimya kama maji ya mtungini. Tulijiona mabingwa. Mwalimu mwenzetu aliyepita nje alituambia baadaye kwamba tuna sauti ya kushika darasa, nasi tukaibeba sifa hiyo hadi nyumbani. Jioni ile ile, njiani, mmoja wa wale wavulana alimvunja mwenzake mkono kwa jiwe. Kimya tulichokisifu kilikuwa kimya cha watu wawili wanaongoja kengele. Asubuhi baba wa aliyeumia alikuja, akatuamkia kwa adabu, kisha akatuuliza: "Mwalimu, uliwauliza walichokuwa wanagombania?" Hatukuwa tumewauliza. Mkebe ulikuwa wa nani? Hata leo hatujui.

Tangu siku hiyo tumeiogopa sauti yetu. Sauti ya mwalimu, na fimbo iliyo nyuma yake, ni baragumu lile lile: watu huangusha silaha, na ng'ombe hawajarudi.

Basi nguvu ya jeli iko wapi, kama haiko katika mlio? Tunaona iko katika mambo mawili, na yote mawili yaweza kufundishwa.

Kwanza, jeli anajua. Anajua ukoo wako na ukoo wa adui yako, babu zako walioana na nani, walisaidiana wapi, nani alimkosea nani. Camara Laye, katika kitabu chake cha mwaka 1953 juu ya utoto wake huko Kouroussa, anaeleza jinsi mwanamke aliyetaka kufuliwa pambo la dhahabu alivyokuwa akija kwa baba yake, aliyekuwa sonara, akiongozana na jeli. Jeli aliketi karakanani, akatengeneza nyuzi za kora yake, akaanza kuwaimba wazee wa sonara yule, mmoja baada ya mwingine, matendo yao na majina yao, hata fundi akaacha kazi nyingine na kuishika ile ya mwanamke. Ni upatanishi mdogo, wa foleni ya karakana tu. Lakini tazama jinsi ulivyofanyika: hakuimba "kuwa mwema", aliimba mambo ya mtu yule, yasiyoweza kuimbiwa mwingine. Mwalimu anayesema "acheni kugombana, ninyi ni ndugu" anaimba wimbo uwezao kuimbiwa kila mtu, kwa hiyo haumgusi yeyote.

Pili, jeli hana kiti cha kugombania. Kwa desturi za Mande hawezi kuwa mfalme. Huheshimiwa na kudharauliwa kwa pamoja, na katika nafasi hiyo ya ajabu ndimo anamopata ruhusa ya kusema asiloweza kusema mwingine. Sisi huku tunalijua jambo hili kwa jina la utani. Mtani huingia msibani akalala mahali pa maiti, akawachekesha wafiwa, akamwambia mkubwa wa ukoo maneno ambayo mwanawe mwenyewe angepigwa kwayo. Utani wa Wanyamwezi na watu wa pwani ulikua katika njia za misafara, mahali ambapo bila namna ya kusemezana watu wangechinjana. Wamande nao wana utani wao, waitao sanankuya, unaofunga koo na koo. Na masimulizi yao husema kwamba mpango wa namna hiyo uliwekwa katika mkutano wa Kouroukan Fouga, baada ya vita vya Kirina. Mwalimu mwanafunzi ambaye kabila lake lina watani tayari amekwisha kuuona upatanishi wa sauti kwa macho yake, hata kama hakuuita hivyo.

Tunaomba ruhusa ya kugusa jambo ambalo baadhi ya wenzetu hawatapenda tuliguse. Shule zetu zina chombo kilichoundwa kwa ajili ya sauti mbili zinazopingana, nacho ni ngonjera. Marehemu Mathias Mnyampala, aliyefariki mwaka 1969, ndiye aliyeieneza, na vitabu vya Ngonjera za UKUTA vilivyotoka mwaka 1970 na 1971 viliifikisha katika madarasa mengi. Ni kazi ya thamani. Lakini tazameni ngonjera zinazotungwa shuleni siku ya wazazi. Kila mara yuko mjinga na yuko mwerevu. Mjinga anauliza, mwerevu anajibu, na katika ubeti wa mwisho mjinga anakiri kwamba sasa ameelewa. Mtoto aliyepewa nafasi ya mjinga anajua tangu ubeti wa kwanza kwamba atashindwa, naye huimba kivivu. Watazamaji nao wanajua. Huo si upatanishi. Ni hukumu iliyotiwa vina. Tungependa kuiona ngonjera ya watu watatu, ambamo pande mbili zote zina haki fulani, na wa tatu ana kazi ya kuzisikiliza. Kuitunga ni vigumu, tunakiri. Tumejaribu mara mbili, na mara zote mbili tulijikuta tumempendelea mmoja kabla ya kufika ubeti wa tano.

Turudi kwa mwanachuo wetu na darasa lake. Baada ya kuzungumza naye, na baada ya yeye kununa kidogo (ni haki yake), tulikubaliana ajaribu vipindi viwili vya dakika 40. Tunavieleza hapa ili wengine wavijaribu, si kwa sababu vilikwenda vizuri.

Katika kipindi cha kwanza alisimulia kisa cha Balla Fasséké hadi pale mfalme anapofika mlangoni na upanga, akanyamaza. Akauliza: "Ungekuwa wewe, ungeimba nini?" Watoto walisema mengi. Mmoja alisema angeimba kwamba mfalme ni mzuri. Mwingine akamkatalia: mfalme mwenye upanga hataki kuambiwa mzuri, anataka kuambiwa kwamba ala yake ni kubwa. Hapo mwanachuo alitutazama nyuma ya darasa, nasi tukainamia daftari letu tusimharibie furaha.

Katika masimulizi ya Wamande yuko mtu ambaye vitabu vingi humsahau. Jeli anaposimulia, mwenzake huketi karibu na kuitikia kila kifungu kwa neno "naamu". Ni "naam" yetu hii hii, wao na sisi tumeitoa katika Kiarabu. Bila mwitikiaji simulizi haliendi. Kwa neno hilo ndipo tulipojenga kipindi cha pili. Darasa liligawanywa vijiji viwili, na ugomvi haukubuniwa, bali ulichukuliwa pale pale shuleni: foleni ya ndoo kwenye bomba la maji. Watoto watano wakawa Wajumbe wa Baragumu, kwa heshima ya msichana wetu, na waliobaki wakawa wazee watazamaji. Baragumu hatukuwa nalo. Tulikuwa na debe lililopinduliwa na kijiti. Sharti lilikuwa hili: mjumbe hawezi kugonga debe mpaka aseme shauri la kijiji cha kwanza vizuri kiasi kwamba wenyewe waitikie "naam", kisha aseme la kijiji cha pili nao waitikie "naam". Asiposema sawasawa, wenye shauri hunyamaza, na mjumbe huanza upya. Na kama mjumbe akisema uongo, sauti humtoka: hukaa kimya mpaka mwisho wa kipindi. Sharti hili la mwisho, msomaji atakumbuka, lilitungwa na mtoto wa Darasa la Tano aliyepewa alama nne.

Mjumbe wa kwanza alikimbilia debe. Akazuiwa. Akasema, "Ninyi mnataka maji." Kimya. Mjumbe wa pili alisema vizuri zaidi, lakini kijiji cha kwanza hakikuitikia, na alipouliza kosa lake wakamwambia: "Hukusema kwamba ndoo zetu tuliziweka tangu alfajiri." Alipoongeza hilo, kijiji cha pili kikaguna kwa hasira, maana wao husema kwamba ndoo haipangi foleni, hupanga mtu. Mjumbe mmoja, kwa kutaka kumaliza, alisema kwamba mwalimu mkuu ameruhusu ndoo; haikuwa kweli, wazee watazamaji wakapaza sauti wote pamoja, naye akanyamazishwa. Zikawa kelele nyingi. Mwalimu wa darasa la jirani alichungulia dirishani. Katika dakika ya 30 hivi, kijana ambaye mwanachuo alituambia kuwa huwa haongei kabisa alisimama na kusema shauri la kijiji cha kwanza pole pole, mpaka alfajiri, mpaka baridi, mpaka dada mdogo aliyeachwa nyumbani peke yake. Na kijiji kile kikaitikia "naam", si kwa mzaha. Alipogeukia kijiji cha pili kengele ikalia.

Debe halikugongwa. Katika andalio la somo, penye nafasi ya tathmini, mwanachuo aliandika: "Somo halikufanikiwa kwa sababu muda haukutosha kufikia suluhu." Sisi tuliandika chini yake kwamba limefanikiwa, na kwamba asilimalizie kwa haraka siku nyingine, aliache.

Tunajua yatakayosemwa. Darasa lina watoto 90 na huyu anataka vijiji. Lakini vijiji vinahitaji watu wengi, na kwa kweli hili ni mojawapo ya mambo machache ambayo wingi wa watoto huyasaidia. Mtihani wa Darasa la Saba hauulizi habari za debe. Huuliza ufahamu, na kumsikiliza mtu mpaka uweze kuyasema maneno yake yeye akubali ni ufahamu wenyewe. Pingamizi zito zaidi ni la wazazi. Neno "uchawi" si la kuchezewa vijijini, watu wamepata kuuawa kwa ajili yake, na mzazi akisikia kwamba mwanawe anafundishwa baragumu la uchawi ana haki ya kuja kuuliza. Kwa hiyo tunashauri mwalimu asimulie habari za Sumanguru waziwazi kama hekaya, asiwaulize watoto habari za hirizi wala waganga wa mahali pale, na ikiwezekana amwalike mzee mmoja au wawili wa kijiji waketi na wale watazamaji. Wazee wakiliona debe hawaliogopi. Mmoja wao, katika shule nyingine tulikolijaribu jambo hili, alitaka kuwa mjumbe.

Msichana wetu alirudishiwa daftari lake pamoja na swali la ng'ombe, safari hii kwa kalamu ya risasi. Mazoezi ya kufundisha yalikuwa yanakwisha Ijumaa ile. Tulipopita mara ya mwisho alikuwa amekwisha kufuta ile pilau. Wajumbe wake saba walikuwa wameketi chini ya mbuyu, baragumu limewekwa mchangani, nao wanawahesabu ng'ombe wa vijiji viwili mmoja mmoja kwa majina na rangi zao, jambo lililomchukua ukurasa mzima. Ng'ombe wawili walikuwa hawajaonekana. Tulimwuliza wako wapi. Alisema bado hajajua, kisha akatuomba karatasi, maana daftari limejaa.